Kuidai Serikali Pesa za Misaada: Kwa Nini Kushinda Kesi Si Kulipwa

Mtu akifariki usiku, kabla hata kamati ya mazishi haijakaa, kuna mjomba mmoja huwa ameshapiga simu. "Leta mahema matatu na viti mia mbili, mambo ya pesa tutaongea." Mwenye mahema analeta, kwa sababu msiba ni msiba. Waombolezaji wanakaa, mvua inanyesha, mahema yanawasitiri, marehemu anazikwa. Wiki moja baadaye mwenye mahema anamfuata mweka hazina, naye anafungua daftari na kuuliza swali moja tu: "Nani alikutuma?" Mjomba amesharudi mjini. Kwamba mahema yalitumika hakuna anayebisha. Ila kwenye daftari hayapo.

Ukiuelewa ugomvi huo, umeshaelewa nusu ya kesi za wafanyabiashara wa Kenya waliopeleka unga, maharagwe, blanketi, mahema na dawa za kutibu maji wakati wa ukame au mafuriko, kisha wakaishia kwenye korido za mahakama. Kila mara habari hizo zinapotokea, maswali huwa ni yaleyale. Mbona serikali isilipe wakati chakula kililiwa? Mbona mtu aliyeshinda kesi bado analia? Na kwa nini leo tunaambiwa katibu fulani atafungwa, kesho yuko ofisini akinywa chai?

Maneno machache kwanza, maana nusu ya mkanganyiko unatokana nayo. Mzabuni ni mtu au kampuni inayoiuzia serikali. LPO ni hati ya agizo la ununuzi, karatasi inayosema ofisi fulani imeagiza bidhaa fulani kwa bei fulani. Ankara ni karatasi ya mzabuni mwenyewe ya kudai malipo. Afisa mhasibu hatunzi vitabu vya hesabu kama jina linavyodokeza. Ndiye mwenye mamlaka ya kisheria juu ya pesa za ofisi nzima: kwenye wizara ni katibu wa wizara, kwenye kaunti kwa kawaida ni afisa mkuu wa idara. Mshike huyu vizuri kichwani kwa sababu kesi nzima itamzunguka yeye. Na hukumu ni maneno ya jaji kwamba unadai. Kuyageuza maneno hayo kuwa pesa ni safari nyingine, wanasheria huiita kukazia hukumu.

Sasa tuingie kwenye dhana potofu iliyo kubwa kuliko zote, na iliyowafilisi wengi: kwamba dharura haina karatasi.

Sheria ya Ununuzi wa Umma ya 2015 inaitambua dharura, ni kweli. Inaruhusu ofisi ya umma kununua moja kwa moja kutoka kwa mzabuni mmoja, bila kutangaza zabuni na kusubiri ushindani, iwapo kuna janga la asili au hitaji la haraka ambalo halikutabirika na halikuletwa na uzembe wa ofisi yenyewe. Ila kinachosamehewa hapo ni ushindani tu. Mkataba bado ni lazima uwe wa maandishi na utiwe sahihi na pande zote mbili. Ofisi bado inapaswa kuwa na pesa kwenye bajeti iliyoidhinishwa kabla ya kuanza kununua. Bidhaa bado zinapaswa kukaguliwa na kupokelewa na kamati iliyoteuliwa kwa kazi hiyo. Kwa hiyo afisa anapokwambia kwenye simu "hii ni emajensi, leta kwanza LPO itafuata", anakuomba uchukue hatari ambayo sheria haikumruhusu yeye aichukue. Huyo ndiye mjomba wetu.

Hebu tuitazame hali yenyewe kwa karibu, kwa mfano wa kubuni. Ni mwezi wa tano, mto umevunja kingo. Wewe una duka la jumla, na umeombwa blanketi 2,000 za Sh800 kila moja. Jumla Sh1.6 milioni bila kodi. Unazikopa kiwandani, unakodi lori, unafika saa nne usiku kwenye shule ya msingi iliyogeuzwa kambi. Umeme hakuna. Mwalimu mkuu hayupo, mtunza stoo wa kaunti hayupo, kamati ya ukaguzi ndiyo kabisa. Yupo chifu, koti limelowa, na akina mama wenye watoto wanaotetemeka. Chifu anachana ukurasa wa daftari, anaandika "Nimepokea blanketi 2,000", anatia sahihi na nambari ya simu. Utafanya nini, urudi na mzigo? Unashusha. Kabla ya alfajiri blanketi zote zimekwisha kugawanywa.

Mahakamani, karatasi hiyo itatazamwa kwa jicho jingine kabisa. Chifu ni afisa wa serikali kuu. Aliyeagiza ni kaunti. Chifu hana mamlaka ya kupokea mali ya kaunti, na sahihi yake haiwezi kusimama mahali pa fomu ya stoo, ile S13 ambayo wazabuni wakongwe hawaondoki getini bila nakala yake. Wakili wa kaunti hatasema blanketi hazikufika. Atauliza tu: LPO iko wapi, na ilitolewa tarehe gani? Ilitoka kwenye mfumo wa malipo wa IFMIS, au iliandikwa kwa mkono baada ya mafuriko kupungua? Nani alikagua? Mkataba uliotiwa sahihi na pande zote mbili uko wapi?

Hapo mtu wa kawaida huchemka. Si walizitumia? Si ni dhuluma kuchukua mali ya mtu ukakataa kulipa kwa sababu wewe mwenyewe hukumwandikia karatasi? Hoja hiyo ina uzito, na wanasheria wana jina lake: kujinufaisha isivyo haki. Kati ya watu binafsi mara nyingi inafanya kazi. Dhidi ya serikali inayumba. Mwaka 2019 Mahakama ya Rufaa ilikataa dai la kampuni ya utangazaji iliyotaka kulipwa na tume ya uchaguzi kwa matangazo yaliyokwisha kupeperushwa, kwa kuwa ununuzi wenyewe haukufuata sheria. Mantiki ya msimamo huo ni kwamba mahakama ikiruhusu malipo kila mara bidhaa zikishatumika, sheria ya ununuzi itakuwa pambo. Naielewa. Ila naona pia kwamba anayeumia ni mfanyabiashara, huku afisa aliyepiga simu akiendelea na kazi yake, ingawa sheria inasema kuanza ununuzi bila bajeti ni kosa.

Na hofu ya mahakama haikutoka hewani. Mwaka 2020, Korona ilipoingia, mamlaka ya dawa na vifaa vya tiba, KEMSA, ilinunua kwa mtindo huu wa dharura vifaa vya takriban Sh7.8 bilioni. Ukaguzi maalumu wa Mkaguzi Mkuu wa Serikali, Nancy Gathungu, ulikuta ununuzi ambao haukuwa na bajeti, bei zilizozidi za soko na shehena kubwa iliyobaki ghalani. Jambo kama hilo likilipuka, faili zote hushikiliwa pamoja, la aliyeuza barakoa kwa bei ya kuruka na la aliyeuza kwa bei halali. Kwa hiyo wanaosema "wazabuni wote ni wezi" wamekosea, na wanaosema "wazabuni wote wameonewa" nao wamekosea vilevile.

Je, pesa za dharura hazipo? Zipo, na kikatiba. Kifungu cha 208 kinaunda Hazina ya Dharura ya taifa, na Sheria ya Usimamizi wa Fedha za Umma ya 2012 inaziruhusu kaunti kuunda hazina zao za dharura, kwa kiwango kisichozidi asilimia 2 ya mapato ya mwaka uliotangulia. Kifungu cha 223 cha Katiba nacho kinaruhusu serikali kuu kutumia pesa kabla Bunge halijaidhinisha, mradi idhini itafutwe ndani ya miezi miwili. Kwa hiyo milango ya haraka ipo. Shida ni kwamba asilimia 2 huisha upesi, na mlango wa haraka unahitaji mtu wa kuufungua kwa maandishi.

Kisha kuna kalenda, na hili ni jambo ambalo sioni likizungumzwa vya kutosha. Mvua za masika Kenya hunyesha kati ya Machi na Mei. Mafuriko makubwa ya 2024, pamoja na maafa ya Mai Mahiu, yalikuwa Aprili. Mwaka wa fedha wa serikali unafungwa Juni 30. Yaani bidhaa za kuokoa watu wa mafuriko huagizwa wakati ule hasa ambapo bajeti ya mwaka imeshaliwa hadi mfupani. Mzabuni anapeleka mzigo Mei, anakusanya sahihi, ankara inaingia ofisini Juni katikati, na kila idara nchini nayo inapigania kulipa kabla mwezi haujaisha. Saa sita usiku ya Juni 30 ruhusa ya kutumia pesa za mwaka ule inakufa. Kuanzia Julai mosi ankara yako ni deni la mwaka jana, linalohitaji kuingizwa kwenye bajeti mpya ambayo wakati unashusha blanketi ilikuwa tayari imeandikwa. Bila mtu yeyote kukuchukia wala kuomba hongo, umeingia kwenye kapu la madeni yaliyolimbikizwa.

Kapu hilo ni kubwa. Madeni ya kaunti peke yake yamevuka Sh150 bilioni katika taarifa za Mdhibiti wa Bajeti za miaka ya karibuni. Kwa upande wa serikali kuu, mwaka 2023 iliundwa kamati ya kuhakiki madeni ya kuanzia 2005 hadi 2022, chini ya Edward Ouko, aliyewahi kuwa Mkaguzi Mkuu. Soma miaka hiyo tena. Kuna watu walikuwa wakisubiri tangu watoto wao wako darasa la kwanza. Na uhakiki wa namna hii hutafuta kilekile wakili wa kaunti alichokitafuta: LPO, mkataba, hati ya kupokelewa. Faili la ukurasa wa daftari la chifu halivuki hapo.

Wakati huo huo, mzabuni hajasimama tu. Kodi ya VAT hudaiwa kwa kufuata ankara, haingoji ulipwe. Kwa blanketi zetu za Sh1.6 milioni, kama hazikupata msamaha wa kodi wa bidhaa za misaada ya dharura, asilimia 16 ni Sh256,000. Mfanyabiashara anatakiwa kuitangaza kodi hiyo na kuilipa kufikia tarehe 20 ya mwezi unaofuata, akitoa ile aliyolipa mwenyewe wakati wa kununua. Kwa hiyo mkono mmoja wa serikali haujamlipa, na mkono mwingine wa serikali unamdai sehemu ya pesa ambazo hajazipata. Nikimweleza mtu hili kwa mara ya kwanza huwa anadhani natania.

Tuseme sasa umechoka kusubiri na karatasi zako ni safi. Unakwenda mahakamani. Angalia kwanza kama mkataba una kipengele cha usuluhishi. Ukiwa nacho, jaji anaweza kuisimamisha kesi na kukurudisha huko. Kama hakuna, mnasikilizwa, na baada ya muda unapata hukumu: serikali ilipe, pamoja na riba na gharama. Jamaa wanakupigia simu kukupongeza. Mmoja anauliza lini utaenda na dalali wa mahakama kufunga minyororo magurudumu ya lile gari jeupe la gavana.

Hutaenda. Hii ndiyo dhana potofu ya pili. Sheria ya Kenya ya mashauri yanayohusu serikali, kifungu cha 21, inakataza kukamata au kupiga mnada mali ya serikali ili kulipa deni. Tangu marekebisho ya 2015, kifungu hicho kimetanuliwa wazi kwa serikali za kaunti. Huwezi kuchukua magari wala viti, na kwa kawaida hata akaunti ya benki huigusi. Aidha, hakuna afisa anayebeba deni hilo mfukoni mwake.

Watu husikia hivyo wakaona ni kinga ya wakubwa. Kwa sehemu ndivyo inavyotumika, lakini sababu yake si ya kipuuzi. Rudi kwenye msiba. Mwenye mahema akivamia sanduku la rambirambi, anaweza kuondoka na pesa zilizochangwa kwa ajili ya jeneza. Kwa serikali, dalali anayechukua ambulensi hajamkomoa gavana, amemkomoa mama anayejifungua usiku ule. Tena pesa ya umma hairuhusiwi kutoka bila kupitia bajeti, na mnada ungekuwa njia ya kuikwepa bajeti.

Badala ya dalali, sheria inakupa ngazi ya kupanda. Baada ya siku 21 tangu hukumu, unaomba cheti cha amri, hati rasmi inayoeleza kiasi unachodai. Unamfikishia afisa mhasibu na wakili wa serikali. Sheria inasema afisa huyo atalipa. Asipolipa, unafungua shauri jingine Mahakama Kuu kuomba amri ya mandamus, yaani amri ya kumlazimisha afisa wa umma atimize wajibu ambao sheria imekwisha kumpa. Shauri jingine, narudia, lenye ada zake na tarehe zake. Akipuuza na hiyo, ndipo unaporudi kwa ombi la kudharau mahakama, na hapo kwa mara ya kwanza anasimama mtu mwenye jina, anayeweza kutozwa faini au kufungwa.

Sasa vile vichwa vya habari vinaeleweka. "Katibu kutiwa mbaroni" haina maana ameiba, wala kwamba deni limehamia kwake. Anaadhibiwa kwa kukaidi amri. Mara nyingi wiki ile ile linaletwa pendekezo la kulipa kwa mafungu, au afisa anahamishwa na mwingine anaingia akisema yeye ni mgeni, apewe muda asome faili. Wakidai hakuna bajeti, majaji wamekuwa wakijibu kwamba hilo linaweza kueleza ucheleweshaji, halifuti deni. Lakini jibu la jaji na hundi ni vitu viwili.

Kuna dhana nyingine mbili nitazipitia haraka. Wapo wanaoamini kwamba gavana akibadilika deni limekufa. Halifi, mkataba ni wa ofisi, na ofisi haina kipindi cha miaka mitano. Gavana mpya anaweza kuunda kamati ya uhakiki na kukuchelewesha, hawezi kutangaza kwamba kaunti yake ilizaliwa siku alipoapishwa. Wapo pia wanaoamini kwamba kuishtaki serikali ni kujifungia mlango wa zabuni nyingine milele. Sheria haisemi hivyo popote. Kama maofisa hulipiza kisasi ni jambo jingine, na sitajifanya kwamba wazabuni wanaoogopa wanaota.

Hofu hiyo ndiyo inayoleta kosa lililo baya kuliko yote, kungoja. Anayemdai jirani yake kwa mkataba ana miaka sita ya kufungua kesi. Anayeidai serikali ana mitatu tu. Katika miaka hiyo mitatu mzabuni hupewa barua za upole: suala lako linashughulikiwa, limepelekwa Hazina, vuta subira. Anaziweka kwenye faili kama hazina. Siku anapokwenda kwa wakili, wakili anapindua kurasa kutafuta tarehe moja, ile ambayo malipo yalipaswa kufanyika, na anaanza kuhesabu kwa vidole.

Kwa hiyo kama una ankara ya misaada mezani, fungua faili leo utazame mambo haya kabla ya mengine. Sahihi kwenye hati ya kupokea ni ya nani, na ana mamlaka gani. LPO ina tarehe ya kabla ya mzigo au ya baada. Mkataba unasema nini juu ya riba, maana usiposema lolote sheria ya ununuzi yenyewe inataka deni lililochelewa lilipwe na riba. Kama kuna pengo, andika barua sasa kumtaka afisa mhasibu alizibe, wakati waliokuona ukishusha mzigo bado wako kazini. Kisha tafuta tarehe. Aliyepeleka blanketi kwenye mafuriko ya 2024, na malipo yake yakapaswa kufanyika Juni mwaka huo, mwisho wake wa kufungua kesi ni Juni 2027.